Shangazi Anajibu: Wanapokuita Mtu Baki

Barua za mwezi huu zimekuja kana kwamba waandishi wake wamekaa kikao. Karibu zote zinauliza habari ya watu wanaopendana, wanaotunzana, waliokula pamoja miaka na miaka, ila hawana nasaba. Nimechagua nne. Nilifanya kazi hospitali, kwanza muuguzi wa wodini, kisha upande wa ustawi wa jamii, na huko ndiko nilikojua kwamba undugu wa damu hauombwi ushahidi na mtu, lakini huu mwingine unaulizwa ushahidi siku mbaya kuliko zote. Kwa hiyo msishangae nikitaja karatasi na mashahidi pale mlipotarajia maneno ya kuliwaza.

*Shangazi, shikamoo. Mama aliyenilea si mama yangu mzazi. Alikuwa shoga wa mama. Wazazi wangu walipofariki nikiwa na miaka minne akanichukua, na hakuna karatasi iliyoandikwa popote. Sasa amepata kiharusi. Mimi ndiye ninayemlisha, ninayemgeuza, ninayelala kwenye kiti kando ya kitanda chake. Wanawe wawili wa kuwazaa wamekuja kutoka mbali, na daktari alipotaka kuzungumzia matibabu, kaka mkubwa akasema, “Huyu ni mtu baki, aliishi kwetu tu.” Nikatolewa nje. Mama anasikia na anaelewa, ila maneno hayatoki. Nina haki gani? Na mimi ni nani kwake? — Binti wa nje ya mlango*

Marahaba, mwanangu. Jambo kubwa kuliko yote katika barua yako umeliweka karibu na mwisho: mama anaelewa. Basi tuanzie hapo.

Mgonjwa mwenye akili timamu ndiye mwenye siri ya ugonjwa wake. Si wanawe, wala si wewe. Yeye ndiye wa kusema nani aambiwe na nani asiambiwe, na daktari analijua hilo tangu chuoni. Kiharusi kinaweza kumfunga mtu ulimi na kumwachia ufahamu wake. Kutoweza kusema si kutoweza kuamua. Mwendee daktari wa zamu au muuguzi msimamizi wa wodi, uombe kwa upole mama aulizwe mwenyewe, chumbani pasiwe na yeyote wa familia, hata wewe usiwepo. Anaweza kujibu kwa kutikisa kichwa, kubana mkono, au kuonyesha picha na herufi kwenye ubao. Aulizwe mara mbili kwa nyakati mbili, na mara ya pili swali ligeuzwe, ili jibu la “ndiyo” lisije likawa mazoea ya kichwa tu. Kisha jibu liandikwe kwenye faili lake, na tarehe, na jina la aliyeshuhudia. Kama hospitali ina mtaalamu wa matatizo ya usemi, aitwe. Hii ndiyo kazi yake.

Fanyeni hivyo mapema. Akipoteza fahamu kabla hajaulizwa, nchi nyingi zina orodha ya wanaosemwa kuwa ndugu: mume au mke, watoto, wazazi, kaka na dada. Wewe hutaonekana kwenye orodha hiyo, hata kama mkono wako ndio uliomlisha asubuhi. Zipo nchi ambazo mtu anaruhusiwa kumteua kwa maandishi yeyote amtakaye amwamulie mambo ya matibabu. Muulize wakili kama kwenu inawezekana.

Mirathi nayo ina ukali uleule. Mtoto aliyelelewa bila kuasiliwa kisheria mara nyingi hana fungu mwenye mali asipoacha wosia. Mama akitaka kukuachia kitu, wosia uandikwe akili yake ikiwa nzima, na cheti cha daktari cha siku hiyohiyo kinachothibitisha utimamu wake kitazima maneno mengi ya baadaye. Wewe usiwe shahidi, na usikae chumbani wakati anaandikisha. Katika sheria nyingi shahidi anayenufaika na wosia hupoteza alichoachiwa. Kwa anayefuata sheria ya Kiislamu, asiye mrithi anaweza kuusiwa mpaka theluthi moja ya mali. Nakumbuka hapa habari ya Madina mwaka 622, Mtume Muhammad alipowaunganisha wahamiaji wa Makka na wenyeji wa Madina wawili wawili wawe ndugu. Mwanzoni undugu huo ulifika hadi kurithiana. Baadaye mirathi ikarudishwa kwa wenye nasaba, ila mlango wa wema na wosia ukaachwa wazi. Mlango huo ndio ninaokuonyesha.

Sasa swali lako la pili. Kuzaa si kazi, kazi ni kulea, na wewe umelelewa. Mwaka 1951 daktari wa Uingereza, John Bowlby, aliliandikia Shirika la Afya Duniani ripoti juu ya watoto waliopoteza makao baada ya vita. Alieleza kwamba mtoto anahitaji uhusiano wa upendo, wa karibu na usiokatika, na mama yake au na mtu aliyeshika nafasi ya mama kwa kudumu. Hakumweka mlezi daraja la chini. Mtoto wa miaka minne anayeamka usiku akilia hatafuti nasaba, anatafuta yule anayekuja. Kwako alikuja yeye. Wewe ni binti yake, na sikuambii hivi ili nikufariji. Nimeona wagonjwa wengi wakiingia mautini, na wachache sana waliwaita watu kwa kufuata ukoo.

Kuhusu kaka zako, na nawaita kaka zako kwa makusudi: usipigane nao mbele ya kitanda. Anayefika amechelewa mara nyingi huja na sauti kubwa, kwa sababu ana hofu na ana aibu ya kuwa mbali. Mpe kaka mkubwa kazi. Mwambie saa za dawa, mwonyeshe jinsi ya kumgeuza mama asipate vidonda vya mgongo, mwambie ni upande upi anasikia vizuri. Akishaushika mwili wa mama yake kwa mikono yake atajua ulikuwa unafanya nini miaka yote hii. Kama hatajua, faili litakuwa limeshaandikwa.

*Dada, habari za kazi. Nina miaka 48. Rafiki yangu tangu shule ya msingi figo zake zimeshindwa, anasafishwa damu mara tatu kwa wiki. Ndugu zake wamepimwa, mmoja ana kisukari, mwingine shinikizo la damu. Mimi nataka kumpa figo yangu moja. Dada zangu wamenijia juu: “Mwanao akiugua kesho utampa nini, na hiyo umempa mtu baki?” Wanasema pia kwamba figo ya asiye ndugu mwili huikataa. Ni kweli? — Rafiki wa kweli*

Salama, mdogo wangu. Nianze na hilo la mwili kukataa. Lilikuwa kweli zamani, na lina historia. Desemba 1954, mjini Boston, Joseph Murray na wenzake walipandikiza figo ya Ronald Herrick kwa pacha wake Richard. Ilishika kwa sababu walikuwa mapacha wa kufanana kabisa, na mwili wa Richard haukuiona figo ile kuwa ngeni. Richard aliishi miaka minane zaidi. Kwa miaka mingi asiye na pacha hakuwa na matumaini makubwa. Kisha zikaja dawa za kuutuliza mwili usiishambulie figo mpya, na hesabu ikageuka.

Mwaka 1995 jarida la New England Journal of Medicine lilichapisha matokeo yaliyowashangaza hata madaktari. Paul Terasaki na wenzake waliangalia figo zilizokuwa bado zinafanya kazi miaka 3 baada ya upasuaji. Zilizotoka kwa wazazi: asilimia 82. Zilizotoka kwa watu walio hai wasio ndugu wala wenzi wa ndoa: asilimia 81. Zilizotoka kwa mume au mke: asilimia 85. Za waliofariki: 70. Mume na mke hawana damu moja, nawe unaona wako wapi katika orodha hiyo. Maelezo ya wataalamu ni kwamba figo inayotoka kwa mtu mzima wa afya inafika haijaumia, na hilo lina uzito kuliko ukaribu wa nasaba. Wasomee dada zako tarakimu hizi.

(Uboho una masharti magumu zaidi. Huko kulingana kwa tishu ni lazima kuwe kwa karibu sana, na ndugu wa baba na mama mmoja wana nafasi moja kati ya nne tu ya kulingana kikamilifu. Ndiyo maana mwaka 1974 mama mmoja mjini London, Shirley Nolan, alianzisha daftari la watu baki waliokuwa tayari kumtolea mwanawe Anthony. Mtoto hakupona, lakini madaftari ya namna hiyo sasa yako nchi nyingi, na kuna watu wanaoishi leo kwa uboho wa mtu ambaye hawajawahi kumtia machoni.)

Sasa nirudi kwa dada zako, maana hofu yao si upuuzi nami sitaki uwapuuze. Utafiti wa Marekani wa 2010 uliwafuatilia watoaji figo zaidi ya 80,000. Waliofariki ndani ya siku 90 za upasuaji walikuwa takriban 3 kati ya kila 10,000. Mwingine wa 2014 uliangalia miaka 15 ya baadaye: watoaji waliopata ugonjwa wa figo kushindwa kabisa walikuwa takriban 31 kati ya 10,000, wakati watu wenye afya kama yao ambao hawakutoa walikuwa takriban 4. Kwa hiyo hatari inaongezeka. Ni ndogo, lakini ipo, na anayekuambia haipo hakutakii mema. Una miaka 48. Wakupime sukari, shinikizo la damu, na figo zote mbili kila moja kwa uwezo wake, na daktari atakayekuangalia asiwe yuleyule anayemtibu rafiki yako.

Angalia sheria pia. Zipo nchi ambazo mtu hai haruhusiwi kumtolea kiungo asiye ndugu, na nyingine rafiki hupelekwa kwanza mbele ya kamati ihakikishe hakuna fedha iliyopita chini ya meza. Usiuone ugumu huo kama dharau kwa urafiki wenu. Kuna maskini wanaonunuliwa figo na kuachwa na makovu, na masharti hayo yamewekwa kwa ajili yao.

Tena, unaweza kughairi hadi dakika ya mwisho. Ukighairi, daktari anaweza kumwambia rafiki yako kwamba hufai kutoa, basi, bila kusema zaidi. Nakuambia ujue kwamba unakwenda kwa hiari, si kwa kusukumwa na aibu.

Kabla hamjaingia chumba cha upasuaji, kaeni wawili tu. Mwambie: “Figo ikishika au isiposhika, hunidai wala sikudai.” Muulize kama atakunywa dawa zake kila siku ya maisha yake, maana akiziacha figo itaharibika. Semeni na lile gumu, kwamba mnaweza kugombana siku moja kama marafiki wote. Nimewahi kuona zawadi ya namna hii ikigeuka mzigo kwa aliyepewa, akashindwa kumwambia mwenzake hata neno la kawaida la kutofautiana. Semeni mapema.

Ukivuka vipimo na sheria ikaruhusu, mimi niko upande wako. Na dada zako waalike waje siku ya maelezo ya daktari, waulize maswali yao wenyewe.

*Shangazi, tumeasili mtoto wa kike akiwa na miezi mitano. Sasa ana miaka sita. Mama mkwe anasema tusimwambie kamwe, atatukimbia. Mume wangu anasema tungoje afike kumi na minane. Tufanye nini? — Mama wa mmoja*

Mwambieni mwezi huu.

Miaka kumi na minane ni umri mbaya kuliko yote kusikia habari hiyo, kwa sababu atakuwa na kumbukumbu za kutosha za kuzipitia upya, moja moja, akitafuta mlimdanganyia wapi. Kinachowaumiza waliogundua wakiwa wakubwa, kama walivyonieleza wenyewe, kwa kawaida si kuasiliwa. Ni kwamba shangazi alijua, jirani alijua, mwalimu alijua, na wao peke yao hawakujua. Na ataambiwa tu. Kama si na binamu katika ugomvi wa watoto, basi na kipimo cha vinasaba, au siku daktari atakapomuuliza magonjwa ya ukoo wake. Mkataba wa Haki za Mtoto wa Umoja wa Mataifa wa 1989, kifungu cha 7, unampa mtoto haki ya kuwajua wazazi wake kadiri inavyowezekana. Haki hiyo ni yake, haikai mikononi mwa bibi yake wala mwenu.

Mtoto wa miaka sita hahitaji hotuba. Mkiwa mnamwogesha au mnamsuka, mwambie: “Ulikua tumboni mwa mama mwingine. Hakuweza kukulea. Sisi tulikuwa tunatafuta mtoto, tukaenda mbele ya hakimu tukasema tunakutaka wewe, na tukakuleta nyumbani.” Acha aulize. Huenda akauliza kama ana viatu vipya vya shule, akaenda zake. Atarudi wiki ijayo na swali lingine, na akiwa na miaka kumi atarudi na lililo zito: kwa nini hakunitaka? Usimseme vibaya mama aliyemzaa, hata kidogo, maana mtoto atajiona nusu yake ni mbaya. Na usimzulie hadithi nzuri usiyo na hakika nayo. “Sijui, mwanangu, nami ningependa kujua” ni jibu halali.

Wekeni pamoja hati ya kuasili, picha ya siku ya kwanza, nguo aliyokuja nayo kama ipo. Awe anaweza kuvishika anapotaka.

Mama mkwe muelezeni kwa heshima kwamba hatakimbia. Wengine wakikua huwatafuta waliowazaa, na mtoto aliyeambiwa ukweli ana mtu wa kwenda naye. Mwende naye.

*Shikamoo Shangazi. Nimekulia kituo cha watoto. Nimepata kazi mji nisiomjua mtu. Kwenye fomu ya kazi kuna mahali pa kuandika jina la mtu wa kupigiwa simu nikipata tatizo. Nimeacha wazi. Watu husema marafiki watakuja wenyewe. Hawaji. — Kijana wa kituo*

Marahaba, mwanangu. Aliyekuambia watakuja wenyewe huenda hajawahi kuanza na sifuri.

Na jambo hili si dogo kiafya. Mwaka 2010 Julianne Holt-Lunstad na wenzake walikusanya tafiti 148 zenye watu zaidi ya 308,000, wakakuta waliokuwa na mahusiano imara walikuwa na uwezekano mkubwa zaidi, kwa asilimia 50, wa kuwa hai mwisho wa kipindi cha uchunguzi. Hakuna aliyesema mahusiano hayo lazima yawe ya damu.

Kinachohitajika ni muda. Jeffrey Hall wa Chuo Kikuu cha Kansas alikadiria kwamba watu wawili wanahitaji saa kama 50 pamoja kutoka kufahamiana hadi kuwa marafiki wa kawaida, na zaidi ya 200 kufikia urafiki wa karibu. Saa za kazini pekee hazifanyi kazi hiyo vizuri. Kwa hiyo chagua jambo moja linalojirudia kila wiki, na watu walewale: kwaya, timu, darasa la jioni, kundi la kujitolea. Usibadilishe kila mwezi. Wiki nne za kwanza utajiona mgeni, na hilo haliwi dalili kwamba hawakutaki.

Kisha anza na madogo. Watafiti wa popo wanyonya-damu waliwaweka pamoja popo wasiojuana. Popo hawa wakikosa chakula siku mbili tatu hufa, na mwenye shibe humtapikia damu mwenye njaa. Mwaka 2020 Gerald Carter na wenzake walieleza kwamba wageni hao hawakuanza na damu. Walianza kwa kulambana manyoya, na waliozoeana hivyo ndio baadaye waliolishana. Nawe omba kitu kidogo: kuazima mwavuli, kuonyeshwa njia, kusindikizwa benki. Waliokulia vituoni wengi wanajua kujitegemea hata wakasahau kuomba, na mtu asiyeomba kitu huwafunga wenzake mikono. Ukiombwa, timiza siku uliyosema.

Fomu usiiache wazi. Fikiria mlezi mmoja wa kituo uliyeelewana naye, au mwenzako mliyekua naye, hata kama yuko mbali, simu inafika. Mpigie kwanza. Mwambie: “Nataka kuandika jina lako. Wakikupigia, nahitaji uwaambie kundi langu la damu na kwamba dawa fulani inanidhuru, na uje ukiweza.” Mtajie ni dawa ipi. Akikubali, mwambie na lako liko huru kuandikwa kwenye fomu yake. Ukipata mtu wa karibu zaidi katika mji huo, baada ya miezi au mwaka, nenda ofisi ya utumishi uongeze jina la pili.